Mdai Hayupo: Historia ya Kufuta Mashauri ya Madai kwa Kutohudhuria

Kufuta shauri la madai kwa kutohudhuria ni uamuzi ambao mahakama huutoa bila kupima nani mkweli. Siku ya kusikilizwa ikifika, karani hutoka mlangoni akaita majina ya wadaawa. Mdai asipoitika na mdaiwa yupo, shauri hufutwa. Mdaiwa asipoitika na mdai yupo, ushahidi husikilizwa wa upande mmoja na hukumu ikaandikwa. Wote wawili wasipoonekana, shauri nalo hufutwa, lakini mdai hubaki na nafasi ya kulifungua upya. Kwa Tanzania Bara kanuni hizi zimo katika Amri ya IX ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya 1966. Kenya na Uganda zina kanuni za ukoo huohuo. Ukoo wenyewe ni mrefu. Ulipita London na Calcutta kabla ya kuteremka Zanzibar na Mombasa, na ulipoteremka uliwakuta makadhi wa Pwani wakiwa na majibu yao tayari. Kotekote swali lilikuwa nani abebe hasara ya siku iliyopotea, na jibu lilitegemea nani aliyehofiwa zaidi na watunga sheria: mdai mvivu au mdaiwa mtoro.

Roma ya kale ilimhofia mtoro. Sheria za Mbao Kumi na Mbili, zilizotungwa mnamo 451 na 450 kabla ya Kristo, zilianza na suala hili hasa. Mtu akiitwa mahakamani sharti aende. Akikataa, mdai aite mashahidi kisha amkamate. Hakukuwa na tarishi wa serikali, bali mdai mwenyewe ndiye aliyemvuta mdaiwa wake. Mgonjwa au mkongwe alistahili kupewa mnyama wa kupanda, ingawa mdai hakulazimika kumtandikia gari la kulalia. Sheria chache za kale zilijali starehe ya mdaiwa kwa kiasi kidogo namna hiyo, na kwa undani namna hiyo. Kisha ukaja mpaka wa saa. Pande zote mbili zilitakiwa kueleza madai yao kabla ya adhuhuri. Jua likishavuka utosi, hakimu alimpa ushindi yule aliyekuwepo. Machweo yalikuwa mwisho wa kazi ya siku.

Ukali huo ulilegea baadaye. Katika enzi ya wafalme wa Roma, mdaiwa asiyeonekana aliitwa kwa matangazo matatu yaliyoachana angalau siku 10, na la mwisho ndilo lililomfungia mlango. Amri ya Mfalme Justinian ya mwaka 530 iliongeza jambo ambalo mawakili wa leo wangelitambua mara moja: kukosekana kwa mtu hakumpi ushindi mwenzake. Hakimu alipaswa kuuchunguza ushahidi uliopo, na ukionyesha kwamba haki iko kwa yule asiyekuwepo, ampe yeye. Hukumu ya upande mmoja na ushindi wa bure vilitenganishwa hapo, na tofauti hiyo ingali inasumbua mahakama hadi sasa.

Katika mwambao wa Afrika Mashariki suala hili lilifika kwanza kwa Kiarabu. Hata maneno yanashuhudia: *kuhudhuria* limetoka katika mzizi uleule uliozaa *hazir*, neno ambalo tarishi wa mahakama za India amekuwa akilinadi mlangoni kuwaita wadaawa, na asiyekuwepo, katika vitabu vya fikihi, ni *ghaibu*. Wanazuoni waligawanyika juu yake. Wahanafi kwa jumla walikataa kumhukumu mtu asiyekuwepo wala kuwakilishwa, wakishikilia hadithi ya Ali alipotumwa Yemen kuwa kadhi na kuelekezwa asimhukumie wa kwanza kabla ya kumsikia wa pili. Washafii, ambao ndio wengi wa Waislamu wa Pwani, waliruhusu. Baadhi yao walitegemea kisa cha Hind binti Utba, aliyemlalamikia Mtume kwamba mumewe Abu Sufyan ni bahili, akaruhusiwa kuchukua katika mali yake kiasi cha kumtosha yeye na mwanawe kwa wema. Wapinzani walijibu kwamba ile ilikuwa fatwa, si hukumu. Imam al-Nawawi, Mshafii mwenyewe, aliyefariki mwaka 1277, aliona pia kwamba hoja hiyo haisimami, kwa kuwa Abu Sufyan alikuwa mjini Makka wakati ule. Aliiunga mkono kanuni, akaukataa ushahidi wake. Uaminifu wa aina hiyo si wa kila siku.

Kitabu chake *Minhaj al-Talibin*, ambacho makadhi wa Kishafii wa Pwani walikitegemea sana, kina mlango mzima juu ya kumhukumu ghaibu. Kinachovutia humo ni kipimo cha umbali. Ghaibu anayeweza kuhukumiwa ni yule aliye mbali kiasi kwamba mtu akitoka alfajiri hawezi kufika na kurudi kwake usiku huo. Aliye karibu zaidi ya hapo huhesabiwa kama yupo: hahukumiwi mpaka aletwe, isipokuwa amejificha au amejifanya mkubwa asiyeweza kufikiwa na kadhi. Mdai naye hakuachwa apite kirahisi. Baada ya kuleta mashahidi wake alitakiwa kula kiapo kwamba haki anayoidai bado iko shingoni mwa mwenzake, maana huenda ghaibu angekuwepo angesema kwamba deni alikwishalilipa. Kiapo kile kilikuwa sauti ya asiyekuwepo. Katika miji ambayo nusu ya wadaiwa wake walikuwa baharini wakingojea pepo za kaskazi au kusi, kanuni ya safari ya siku moja ilikuwa na maana ambayo mwanasheria wa Damascus hakuhitaji hata kuiwaza.

Uingereza ya zama za kati ilishika njia tofauti kabisa. Mahakama za kifalme ziliona kwamba haiwezekani kumhukumu mtu wa madai asiyefika, kwa hiyo nguvu zote zilitumika kumlazimisha afike. Kwanza wito, asipofika, mali yake inazuiwa, bado, wanyama na mazao ya shamba lake yanachukuliwa, bado, anakamatwa. Mwisho wa ngazi ulikuwa kutangazwa kuwa nje ya sheria, baada ya jina lake kuitwa katika vikao vitano mfululizo vya mahakama ya jimbo. Ngazi hii ingeweza kumalizwa kwa miaka. Kutangazwa nje ya sheria katika kesi za madai hakukufutwa rasmi mpaka 1879, ingawa kwa muda mrefu kabla ya hapo kulikuwa kumebaki chombo cha kutishia tu.

Sambamba na ngazi hiyo palikuwa na sanaa kamili ya udhuru. Mdaawa aliweza kutuma mjumbe kusema ameugua njiani, yuko ng'ambo ya bahari, au amekwenda kuhiji Nchi Takatifu. Udhuru uliopendwa zaidi katika kesi za ardhi ulikuwa ugonjwa wa kitandani. Mahakama ilituma mashujaa wanne wa kifalme kwenda kumwona mgonjwa, na wakiridhika kwamba ameshikwa hasa, alipewa mwaka mmoja na siku moja. Sharti lake lilikuwa abaki kitandani kweli. Aliyeonekana akizurura bila ruhusa ya kuinuka angeweza kuipoteza kesi, na adui zake walikuwa na kila sababu ya kumvizia. Cheti cha daktari ambacho leo huambatanishwa na hati ya kiapo ni mjukuu wa mashujaa wale wanne.

Kwa mdai mambo yalikuwa mepesi ajabu. Aliyeshindwa kuendelea na kesi yake aliondolewa tu, na kwa kawaida aliweza kurudi na hati mpya. Mawakili waliigeuza nafasi hiyo kuwa mbinu: mdai akiona ushahidi unamwendea vibaya, anatoweka kabla baraza la wazee wa mahakama halijatoa uamuzi, kisha anaanza upya siku nyingine. Mizani ilikuwa imeinama upande wake kwa sababu aliyehofiwa ni mdaiwa.

Mabadiliko yalikuja polepole. Sheria ya mwaka 1725 ilimruhusu mdai, katika baadhi ya kesi, kujaza mwenyewe hudhurio la mdaiwa aliyekwisha kupelekewa wito akapuuza. Yaani, kwa karatasi, mdaiwa alikuwa amefika. Mahakama zilikuwa hazijapata ujasiri wa kusema kwamba zinamhukumu asiyekuwepo, zikaona afadhali zijidanganye kwamba yupo. Sheria ya Mwenendo ya 1852 iliacha kujidanganya huko. Mdaiwa alipewa siku 8 za kujiandikisha ofisini kwamba atajibu. Zikipita kimya, hukumu ingeweza kuandikwa. Tangu hapo kuhudhuria huko Uingereza kukawa kitendo cha karatasi kwanza, na cha mwili baadaye.

Kanuni ambazo Afrika Mashariki ilizirithi, hata hivyo, zilitungwa India. Baraza la kutunga sheria lililokaa Calcutta lilipitisha Sheria ya Mwenendo wa Madai mwaka 1859, ya kwanza kuunganisha taratibu za mahakama nyingi za Uhindi chini ya kitabu kimoja. Iliandikwa kwa ajili ya nchi yenye vijiji vingi na mawakili wachache, ambamo mdaawa alitembea kwa miguu kumfuata hakimu. Kwa hiyo ilirudi kwenye maana ya kale ya kuhudhuria, yaani mtu mwenyewe au wakili wake asimame mbele ya mahakama siku iliyotajwa. Ndani yake kulikuwa na mgawanyo ambao haujabadilika sana hadi leo. Wote wawili wasipofika, shauri linafutwa, na mdai anaweza kufungua jingine mradi muda wa ukomo haujapita. Akifika mdai peke yake, linasikilizwa upande mmoja. Akifika mdaiwa peke yake, mdai anashindwa, na hawezi kufungua tena shauri juu ya madai yaleyale. Njia yake pekee ni kurudi mahakamani hapohapo, ndani ya siku 30, na kuonyesha sababu ya kutosha iliyomzuia.

Hapa ndipo mizani ilipogeuka. Mtu anaweza kushangaa kwa nini mdai asiyefika aadhibiwe kuliko wadaawa wawili wasiofika pamoja, lakini sababu yake ni ya haki kabisa: katika hali ya kwanza kuna mtu aliyefunga safari, akalipa wakili, akaleta mashahidi, akakaa benchi tangu asubuhi. Sheria inamlinda yeye. Wote wasipofika, hakuna aliyepoteza siku yake isipokuwa hakimu. Kanuni ya Kiingereza ya mdai kutoweka na kurudi apendavyo ilikufa hapo, angalau mbele ya mdaiwa aliyehudhuria.

Sheria hiyo iliandikwa upya 1877, tena 1882, na kwa mara ya mwisho 1908. Toleo la 1908 ndilo lililozaa jina Amri ya IX. Liligawanywa sehemu mbili: vifungu 158 vya msingi, na jedwali la Amri zenye kanuni za utendaji ambazo Mahakama Kuu ziliweza kuzirekebisha bila kurudi bungeni. Amri ya IX ilikuwa na kanuni 14. Ya 8 ilifuta shauri la mdai asiyefika, ya 9 ikamfungia kulifungua upya na kumpa nafasi ya kuomba lirejeshwe, ya 13 ikampa mdaiwa nafasi ya kuomba hukumu ya upande mmoja itenguliwe. Mawakili wa Bombay na Dar es Salaam walikuja kuzitaja namba hizo kama watu wanavyotaja namba za mabasi.

Njia zilizoileta sheria ya India katika pwani hii zilikuwa za biashara. Wahindi wafanyabiashara wa Zanzibar walikuwa raia wa Kiingereza, na kuanzia 1866 mahakama ya balozi wa Uingereza mjini humo ilisikiliza kesi zao kwa kufuata sheria za Uhindi, rufaa zikienda Bombay. Madeni ya pembe, karafuu na nguo yalikuwa yameandikwa katika daftari za watu walioijua tayari sheria hiyo. Serikali ya Kiingereza ilipojitwalia utawala wa bara upande wa Kenya, amri ya 1897 ilizieneza huko sheria za India, ya mwenendo wa madai ikiwemo. Kenya ilitunga ordinansi yake 1924, na Uganda ikafuata kabla muongo huo kwisha. Zote mbili zilichukua muundo wa 1908 na kuuchanganya na mambo ya Kiingereza. Ndiyo maana Kenya mpaka leo ina kuhudhuria kwa aina mbili: kuwasilisha hati ya hudhurio baada ya kupokea wito, na kufika mwenyewe siku ya kusikilizwa. Tanzania ina kwa aina moja tu, na mdaiwa hujibu kwa hati ya utetezi.

Tanganyika ilipitia njia ya pembeni. Chini ya Wajerumani, Waafrika walihukumiwa na mkuu wa wilaya, au na liwali na akida chini yake, bila kitabu chochote cha mwenendo. Kikao hicho kiliitwa *shauri*, na Wajerumani wakaliingiza neno hilo katika maandishi yao kama lilivyo. Wazungu walitumia sheria ya Kijerumani ya 1877, ambayo ilimtendea asiyefika kwa njia ya kipekee: hukumu iliandikwa dhidi yake, lakini ndani ya wiki 2 aliweza kuipinga bila kutoa sababu yoyote. Kesi ilianza tena kana kwamba hakuna kilichotokea. Akikosa tena, hakuwa na msamaha wa namna hiyo. Ni mfumo usiomwuliza mtu kama aliugua au alipitiwa na usingizi. Unamhesabia kosa la kwanza bure. Kongo, iliyofuata mapokeo ya Ubelgiji, nayo iliweka haki ya kupinga hukumu ya namna hiyo katika sheria yake ya mwenendo wa madai ya 7 Machi 1960. Tanganyika ingeweza kuirithi njia hiyo. Badala yake Waingereza walipoanza kutawala rasmi, ordinansi ya 1920 ilileta sheria za India kwa wingi, na pamoja nazo msingi wa kwamba asiyefika lazima ajieleze.

Nchi ilipopata uhuru Desemba 1961, mahakama zake za juu ziliendelea kutumia sheria ya India ya 1908 kwa miaka mingine mitano. Sheria ya 1966 ilipokuja, Amri ya IX ilihamishwa karibu neno kwa neno. Chini zaidi, mabadiliko yalikuwa makubwa. Mahakama za wenyeji za kikoloni zilikuwa zimeondolewa na Mahakama za Mwanzo kuwekwa mahali pao, na 1964 zikapata kanuni zao za mwenendo wa madai, Tangazo la Serikali Namba 310. Kanuni hizo zilibeba wazo lilelile la kufuta au kusikiliza upande mmoja, lakini zilitumika mbele ya hakimu na wazee wa baraza, kwa Kiswahili, na kwa miaka mingi bila wakili kuruhusiwa kuingia. Wengi wa Watanzania waliowahi kufutiwa shauri lao walifutiwa huko, si Mahakama Kuu.

Kitabu kilikuwa kimekwishaandikwa. Kazi iliyobaki ilikuwa ya majaji, nayo ilizunguka maneno mawili: sababu ya kutosha. Nini kinatosha? Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki, iliyoanzishwa 1902 na kuvunjika 1977, ndiyo iliyojenga sehemu kubwa ya jibu. Mwaka 1955, katika kesi ya Shabir Din dhidi ya Ram Parkash Anand, ilikubali kwamba kosa la wakili, hata la uzembe, linaweza kuwa sababu, ingawa haiwi hivyo kila mara. Kauli iliyotajwa kuliko zote ilitoka Nairobi katika kesi ya Shah dhidi ya Mbogo, iliyoripotiwa 1967 na kuungwa mkono na Mahakama ya Rufaa mwaka uliofuata. Kwa ufupi wake: uwezo wa kutengua hukumu umewekwa ili mtu asidhulumiwe kwa ajali, kupitiwa au kosa linalosameheka, haukuwekwa kumsaidia aliyekusudia kukwepa ili kuzuia au kuchelewesha haki. Hakuna hakimu wa Kenya asiyeijua. Kesi ya Patel dhidi ya East Africa Cargo Handling Services, ya 1974, iliongeza kwamba uwezo huo hauna mipaka mingine zaidi ya kwamba utumike kwa haki, na kwamba mdaiwa aonyeshe ana utetezi unaostahili kusikilizwa.

Kesi hizi karibu zote zilihusu mdaiwa aliyehukumiwa akiwa hayupo. Mdai aliyefutiwa alibebwa na maneno yaleyale, lakini kwa kawaida husikilizwa kwa huruma ndogo. Mdaiwa anaweza kudai kwamba wito haukumfikia: tarishi alibandika mlango usio wake, au aliapa kwamba amempa mtu ambaye siku hiyo alikuwa safarini. Mdai hana hoja hiyo, kwa kuwa yeye ndiye aliyeleta kesi na tarehe alitajiwa usoni. Kinachobaki kwake ni ugonjwa, msiba, barabara iliyokatwa na mvua za masika, au wakili aliyekuwa siku hiyo mbele ya mahakama ya juu zaidi. Sababu ya mwisho hukubaliwa kwa desturi ya heshima ya ngazi za mahakama, mradi kuna hati ya kuithibitisha. Msiba ukitajwa bila kueleza ni wa nani, wapi na lini, hautoshi. Hati za kiapo za maombi haya ni fasihi ya aina yake: ndani yake magari huharibika katika miteremko inayojulikana, na simu huisha chaji saa 2 asubuhi.

India iliyoachiwa kitabu chenyewe ilikwenda mbali kuliko huku katika kulainisha. Mwaka 1955 Mahakama Kuu Kabisa ya nchi hiyo, kwa kalamu ya Jaji Vivian Bose katika kesi ya Sangram Singh, ilisema kwamba sheria ya mwenendo ipo kuiwezesha haki, haikutungwa ili kuadhibu, na kwamba mdaiwa aliyekosa siku moja hazuiwi kuingia siku inayofuata na kuendelea pale kesi ilipofika. Mwaka 1981, katika kesi ya Rafiq dhidi ya Munshilal, iliona si haki mtu wa kijijini aliyemlipa wakili wake na kurudi shambani kupoteza kesi kwa sababu wakili hakutokea. Mahakama za Afrika Mashariki huzitaja hukumu za namna hii, lakini huwa hazichoki kukumbusha kwamba kesi ni ya mdaawa, si ya wakili, naye anapaswa kuifuatilia.

Ufundi mwingine ulikua kuzunguka neno *kufuta* lenyewe. Kesi ya chama cha ushirika cha Ngoni-Matengo dhidi ya Alimahomed Osman, iliyoamuliwa 1959 na Mahakama ya Rufaa, ilitofautisha rufaa inayotupwa na rufaa inayoondolewa: ya kwanza ilikuwa halali ikaamuliwa, ya pili haikuwa halali tangu mwanzo, na mwenyewe anaweza kurudi akiwa ameitengeneza. Kiswahili cha kawaida husema "kesi imefutwa" kwa yote mawili, na watu wengi wameondoka mahakamani wakidhani mlango umefungwa kumbe umerudishiwa tu, au kinyume chake. Vivyo hivyo kuna siku ya kutajwa na siku ya kusikilizwa. Kanuni inazungumzia shauri lililoitwa kwa kusikilizwa, na mahakama za rufaa zimezikosoa za chini kwa kufuta mashauri siku ambayo yalikuja kutajwa tu, yaani kupangiwa tarehe. Mdai aliyedhani kwamba siku ya kutajwa haina uzito hakukosea sana kisheria, ingawa alijiweka hatarini.

Karne hii ilileta shinikizo kutoka pande mbili. Upande mmoja, katiba zilitaka haki isikwame kwa sababu za kiufundi: Tanzania iliingiza ibara ya 107A mwaka 2000, Kenya ikaweka ibara ya 159 katika katiba ya 2010, na sheria za mwenendo za nchi zote mbili zikaongezewa lengo kuu la kuamua mashauri kwa haki na haraka, Kenya mwaka 2009 na Tanzania 2018. Waombaji wa kurejeshewa mashauri walizipokea ibara hizo kama mvua. Upande wa pili ni mrundikano. Hakimu mwenye majalada mengi na siku chache huona katika Amri ya IX njia halali ya kupunguza rafu yake, na Kenya ina pia kanuni inayoruhusu kufuta shauri ambalo halijaguswa kwa mwaka mzima. Majaji wamejibu kwamba lengo kuu haliondoi wajibu wa kufika; linasaidia aliyeteleza, halimwokoi aliyelala.

Namna ya kuita nayo imebadilika. Marekebisho ya kanuni za Kenya ya 2020 yaliruhusu wito kupelekwa kwa barua pepe na kwa ujumbe wa simu, WhatsApp ikiwemo, na alama kwamba ujumbe umefika ikawa sehemu ya ushahidi. Tanzania ilianza kupokea nyaraka kwa mtandao kwa kanuni za 2018, na 2021 ikatunga kanuni za kusikiliza mashauri kwa mbali, ambamo mdaawa huhudhuria kupitia kioo akiwa mkoa mwingine. Mwaka huohuo sheria ilikifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama zote. Kwa hiyo mdai wa Mwanza ambaye mtandao wake umekatika jina lake lilipoitwa Dar es Salaam hujieleza leo katika hati ya kiapo ya Kiswahili, chini ya kanuni iliyotungwa Calcutta kwa Kiingereza, na hakimu anapaswa kuamua kama kukatika kwa mawimbi ni ajali ya aina ile ya Shah dhidi ya Mbogo au ni uzembe wa mtu aliyejua kwamba ana kesi na hakutafuta mahali penye mtandao mapema.